Mrithi na Mshika Fedha Wake

Wasomaji wetu wa Kilwa na Lindi, leo twapenda kuwaeleza habari za mrithi mkubwa na mtu aliyemshikia fedha zake, kwani ushuru wa pwani yenu ulikuwa sehemu ya mali hiyo.

Seyyid Said alipofariki mwaka 1856, mwanawe Seyyid Majid alirithi Unguja na Mrima. Forodha zote, na ya Kilwa mojawapo, zilikuwa zimekodishwa kwa nyumba ya Jairam Shivji, tajiri wa Kihindi. Msimamizi wake Unguja alikuwa Ladha Damji. Nyumba hiyo ilimlipa Seyyid kiasi kilichopatanwa kila mwaka, kisha ikakusanya ushuru yenyewe. Tena Seyyid alipopungukiwa, nyumba hiyo hiyo ndiyo iliyomkopesha.

Matumizi yake yalikuwa makubwa. Tangu mwaka 1861 ilimpasa kumlipa nduguye wa Maskati riale 40,000 kila mwaka. Baadaye akaanza kujenga mji wa Dar es Salaam. Alipofariki mwaka 1870, Seyyid Barghash alirithi kiti, na deni zito pamoja nacho.

Hatusemi kwamba Ladha alikuwa mwizi. Twasema, mshika fedha asiwe mkopeshaji. Maana mwenye mali akitapanya, yeye hupata faida. Atamzuia kwa nini? Basi kijana akirithi minazi naye hajui kuweka akiba, wazee wamchagulie msimamizi asiyemdai kitu, na hesabu isomwe mbele ya mashahidi kila baada ya mavuno. Haba na haba hujaza kibaba, lakini kibaba kilichotoboka hakijai.