LEMLEM: JINA LA MTU, JINA LA NGUO
(Somo la lugha na utamaduni, limeandikwa na mwanachama wa Kidato cha Tatu)

Mwaka huu sikutaka kuandika juu ya ngeli wala methali, maana hizo tumezisoma hadi zimetuzoea. Nimechagua neno moja tu, tena si la Kiswahili. Ni la majirani zetu wa kaskazini, Waethiopia. Neno lenyewe ni Lemlem.

Hili ni jina la msichana aliyekuja kukimbia hapa kwetu Kasarani akatwaa dhahabu. Pia ni jina la chapa ya mavazi ya kifahari yanayofumwa kwa mkono nchini Ethiopia na kuuzwa ng'ambo kwa bei ya kutisha. Labda utaniuliza, "Sasa haya yanatuhusu nini sisi wa Chama cha Kiswahili?" Yanatuhusu sana. Sisi ndio watu ambao nguo yetu, leso, haikamiliki bila jina. Basi hebu tuulizane: mtu akipewa jina zuri, na nguo ikapewa jina lilo hilo, je, mzigo wanaobeba ni mmoja?

MAANA YA JINA

Lemlem ni neno la Kiamhari, na hata katika Kitigrinya linajulikana. Maana yake ni kijani kibichi, ile hali ya ardhi iliyopata mvua ikachipuka. Kwa Kiswahili tungesema kusitawi, au bora zaidi, kunawiri. Kumwita mtoto Lemlem ni kama kumwambia, "Nawiri, mwanangu." Karibu na neno hilo kuna Lemma, jina la wanaume huko Ethiopia, nalo lina maana ya kustawi na kuendelea.

Kwa maandishi ya Kiethiopia neno hili lina herufi nne: le, m, le, m. Naam, wapenzi wa sarufi wameshaanza kutabasamu, maana huu ni urudufishaji! Sisi pia tunao: polepole, sawasawa, majimaji, katakata. Neno likirudiwa hupata nguvu zaidi, au huonyesha kwamba tendo linafanyika tena na tena. Hata wachuuzi wa mitumba wanaijua kanuni hii bila kufundishwa na mwalimu. Hawasemi "beba" mara moja wakanyamaza. Wanapaza sauti, "Beba beba! Kamata kamata!" Lakini tahadhari, si kila neno la sura hiyo hugawanyika. Pilipili ukiikata katikati unabaki na pili, na pili haiwashi.

LEMLEM MKIMBIAJI

Lemlem Hailu alizaliwa mwaka wa 2001. Kabla hatujaenda mbali, tuelewane kuhusu majina yake. Hailu si jina la ukoo, ni jina la babake. Huko Ethiopia, kwa desturi, mtu huwa na jina lake mwenyewe, kisha hufuata la baba. Kwa hivyo anayemwita "Bi. Hailu" kwa kweli anamtaja mzee wake. Mwenyewe ni Lemlem.

Julai 2017 jiji la Nairobi liliandaa mashindano ya riadha ya dunia ya vijana wasiozidi umri wa miaka 17. Lemlem alikuwa na miaka 16, umri ule ule nilio nao mimi ninapoandika makala haya. Alishinda mbio za mita 1500 za wasichana. Wakenya tulitaka dhahabu ibaki nyumbani, lakini wapi! Mbio hazina mwenyeji. Mashindano hayo yalikuwa ya mwisho ya aina yake, kwa hivyo hakuna aliyekuja baadaye kumpokonya taji hilo.

Machi 2022, mjini Belgrade nchini Serbia, alikuwa bingwa wa dunia wa mita 3000 katika mbio za ndani ya ukumbi. Alitumia dakika 8 na sekunde 41.82. Mmarekani Elinor Purrier St. Pierre aliyekuwa wa pili aliachwa kwa muda usiofika robo ya sekunde. Hiyo si mchezo. Ukipepesa macho tu umekosa kuona nani mshindi.

Tutasema basi kwamba jina lake limetimia. Lakini tuseme hangeshinda hata mara moja. Je, tungesema wazazi wake walidanganya? Hasha! Jina la mtu ni dua. Mzazi huomba, yatakayofuata anamwachia Mungu. Hakuna mtu anayeweza kumshtaki Neema kwa sababu hana neema, wala Baraka kwa sababu mfuko wake umetoboka.

LEMLEM SI LEMN

Hapa naomba msichanganye. Kuna mshairi wa Uingereza anayeitwa Lemn Sissay, aliyezaliwa mwaka wa 1967, mamake Mwethiopia. Majina haya yanakaribiana kwa macho, lakini kwa maana ni mbalimbali kabisa. Lemn ni swali, maana yake "kwa nini?"

Mtoto huyu alipewa familia ya Waingereza imlee, akaitwa Norman. Alikua akijua yeye ni Norman, hadi alipokaribia utu uzima akaonyeshwa cheti chake cha kuzaliwa na kulikuta jina lake halisi. Alilirudia. Baadaye akawa chansela wa Chuo Kikuu cha Manchester, kuanzia 2015 hadi 2022. Nimemtaja kwa sababu kisa chake chafundisha jambo moja: jina la mtu ni mali yake. Ukimnyang'anya, umemwibia hata kama unampa chakula kila siku.

NGUO YA WAETHIOPIA

Sasa tuje kwenye nguo. Nguo ya asili ya nyanda za juu za Ethiopia ni pamba nyeupe iliyofumwa kwa mkono. Huitwa shemma, na anayeifuma huitwa shemane. Tazameni, kitambaa kimezaa jina la fundi, kama kwetu kufuma kulivyozaa mfumaji.

Kwa desturi kazi hugawanywa. Wanawake husokota pamba kwa pia hadi iwe uzi, kisha wanaume hufuma. Mfumaji huketi ukingoni mwa shimo fupi, miguu yake ikiwa ndani ya shimo. Kwa miguu hukanyaga vipago vinavyopandisha na kushusha nyuzi, na kwa mikono hupitisha uzi mwingine katikati. Nyuzi zinazotandazwa kwa urefu huitwa mtande. Uzi unaopita kwa upana huitwa mshindio, kwa maana hushindiliwa ukakaza. Maneno haya mawili tuyaweke akilini, maana ni Kiswahili safi na yanapotea kwa sababu hatuoni tena mtu akifuma.

Kutokana na kazi hiyo hupatikana netela, ambayo ni shali nyepesi ya wanawake, na gabi, ambayo ni nzito, tabaka nne, ya kujikinga na baridi. Ukingoni hutiwa urembo wa rangi unaoitwa tibeb. Na neno hilo hilo, tibeb, lina maana ya hekima na ufundi. Kumbe pindo la nguo ndipo fundi anapoonyesha akili yake!

Leso yetu nayo ina sehemu tatu. Kuna pindo, kuna mji ambao ni katikati, na kuna jina, yaani yale maneno yaliyoandikwa. Mwenye kununua leso husoma jina kwanza. Akiikosea jina, huenda akazua ugomvi na jirani. Kwa hivyo sisi watu wa Kiswahili tunafahamu kwamba jina la nguo husema kitu, na aliyeivaa hujibu kwa niaba yake.

CHAPA YA LEMLEM

Mwaka wa 2007 mwanamitindo Liya Kebede alianzisha chapa ya mavazi akaiita Lemlem. Yeye alizaliwa Addis Ababa mwaka wa 1978. Mwaka wa 2003 alichaguliwa kutangaza vipodozi vya Estée Lauder, mwanamke wa kwanza mweusi kupewa kazi hiyo. Mwaka wa 2005 Shirika la Afya Duniani lilimfanya balozi wake wa afya ya akina mama na watoto.

Aliporudi nyumbani kutembea, aliwakuta wafumaji wakikosa kazi kwa sababu wanunuzi wa vitambaa vyao walikuwa wamepungua. Ujuzi wa vizazi ulikuwa karibu kufa. Basi akaanza na nguo za watoto, kisha zikaja kanzu na magauni ya wanawake, zote za pamba iliyofumwa kwa mkono. Wafumaji walibaki kwao Ethiopia, na nguo ndizo zilizosafiri. Chapa hii ina pia wakfu unaowasaidia wanawake mafundi kupata mafunzo, huduma za afya na kazi.

Mavazi kama haya siku hizi huitwa mavazi endelevu. Kivumishi hiki kimetokana na kitenzi kuendelea, kama vile tulivu ilivyotokana na kutulia. Kitu endelevu ni kile ambacho kukifanya leo hakukuzuii kukifanya kesho. Shamba unalovuna bila kuua udongo ni endelevu. Kazi inayomlisha fundi bila kummaliza ni endelevu pia.

JE, AHADI IMETIMIZWA?

Hapa ndipo somo lilipo. Nilisema jina la mtu ni dua. Jina la bidhaa si dua, ni ahadi. Mwenye kuiita nguo yake "Nawiri" lazima aulizwe: ni nani anayenawiri? Mvaaji? Mwenye duka? Ama mfumaji aliyeketi shimoni?

Wapo watakaopinga. Watasema gauni moja linalouzwa kwa mamia ya dola ni anasa tu, na kwamba mfumaji mwenyewe hawezi kulinunua. Ni kweli. Tena soko lenyewe liko mbali, na matajiri wa New York wakichoka na mtindo huo, mfumaji wa Addis Ababa atalala njaa ingawa hakukosa lolote. Hoja hizo ni nzito na hatuwezi kuzifukia.

Lakini nina jibu. Nguo rahisi haiwi rahisi kwa muujiza. Ikiwa umeuziwa kwa bei ya soda, ujue kuna mtu mahali fulani aliyelipa tofauti hiyo kwa jasho lake. Mkono wa binadamu hauendi kasi kama mashine, na siku zake kazini lazima zihesabiwe. Kwa maoni yangu, ghali si dhambi. Dhambi ni ghali ambayo haimfikii aliyefanya kazi. Wahenga walisema chema chajiuza, kibaya chajitembeza. Nami naongeza kwa heshima: chema kikijiuza, aliyekifanya naye ale.

Kipimo changu ni hiki. Usiulize kama mfumaji anaweza kununua gauni alilofuma. Uliza kama mtoto wake, akimwona baba yake kazini, atataka kujifunza kazi hiyo. Akitaka, jina limetimia. Akikimbia, jina ni pambo tu.

NA SISI JE?

Mama yangu ni fundi cherehani sokoni. Hushona sare za shule, zikiwemo za baadhi yetu. Mteja akija huanza, "Mama, punguza, mbona mtumba ni mia?" Yeye hupunguza, kwa maana ada zangu hazingoji. Siku moja nilimwambia asipunguze. Akanijibu, "Uzi nitanunua mwingine, lakini macho haya sitanunua mengine." Bei ya mtumba haina macho ya mtu ndani yake, au tuseme tumeyasahau.

Siwalaumu wanaovaa mitumba. Mimi mwenyewe ninavaa, na shati nililo nalo nyumbani ni la huko huko. Lakini nchi yetu nayo ilikuwa na uzi wake. Kiwanda cha Rivatex mjini Eldoret kilianzishwa mwaka wa 1976, kikaanguka kufikia mwaka wa 2000, kikanunuliwa na Chuo Kikuu cha Moi mwaka wa 2007, na mwaka wa 2019 kikazinduliwa upya. Kiwanda kikifungwa kwa miaka, mashine zaweza kununuliwa nyingine. Mafundi waliotawanyika ni vigumu kuwakusanya tena, na mkulima aliyeng'oa pamba akapanda mahindi harudi kwa wimbo.

Kwa hivyo, wenzangu, tukiona jina zuri kwenye nguo, tusome kama tunavyosoma jina la leso: pole pole, hadi mwisho, kisha tuulize ni nani aliyeishona. Na mteja wa mama yangu akisoma makala haya, namsalimu sana. Sare yake iko tayari, na bei ni ile ile.

MASWALI YA MJADALA

1. Taja maneno matano ya Kiswahili yaliyorudufishwa. Ni yapi yanayogawanyika yakabaki na maana inayohusiana?
2. Eleza tofauti kati ya mtande na mshindio. Mwulize mzee yeyote kwenu kama anayajua maneno haya.
3. "Jina la mtu ni dua, jina la bidhaa ni ahadi." Jadili.
4. Tafuta lebo ya nguo uliyovaa leo. Imeshonwa wapi? Je, jina lake laahidi nini, na kwa nani?