Nyota na Watu wa Mawe: Kuzisoma Upya Nguzo za Namoratunga

Makala haya yananuia kuziangalia nguzo za mawe za Namoratunga, zilizo kando ya barabara itokayo Lodwar kuelekea Kalokol, kama matini iliyosomwa na wasomaji wa aina mbili. Wa kwanza ni Waturkana wenyewe, ambao jina walilolipa eneo hilo huelezwa kuwa na maana ya "watu wa mawe". Wa pili ni wanaakiolojia waliosoma humo kalenda ya nyota. Hoja yetu ni kwamba mwanafunzi wa fasihi simulizi hukosea anapoliita simulizi la kwanza kisasili na la pili ukweli, kabla ya kuyapima yote mawili kwa mizani moja. Kosa hilo nimelifanya mimi mwenyewe katika rasimu ya kwanza ya pendekezo langu la utafiti, ndiyo maana naliandikia.

Tuanze na wenyeji. Husimuliwa kwamba watu walikuwa wakicheza ngoma, akatokea mgeni ambaye kwa hakika alikuwa pepo. Wachezaji wakamcheka, naye akawageuza mawe pale pale waliposimama. Kitanzu, hii ni ngano ya usuli: inaeleza chanzo cha kitu kinachoonekana kwa macho. Aidha, ina onyo. Katika nchi kame, ambako leo mgeni anaomba maji kwako na kesho wewe utayaomba kwake, kumcheka mgeni si jambo dogo. Wapita njia huweka kokoto juu ya nguzo hizo. Kwa mtazamo wangu tendo hilo ni sehemu ya utendaji wa simulizi: fanani hayupo, lakini hadhira inaendelea kushiriki.

Mwaka 1978, B. M. Lynch na L. H. Robbins walichapisha katika jarida la Science usomaji wa aina nyingine. Walidai kuwa nguzo 19 za hapo zimeelekezwa mahali zinapochomoza nyota na makundi saba ya nyota, yakiwemo Kilimia, Orioni, Aldebaran na Sirius. Hizo ndizo nyota zinazotumiwa katika kalenda ya Waborana, ambayo Asmarom Legesse alikuwa ameieleza mwaka 1973. Ni kalenda ya miezi 12 ya mwandamo, yenye siku zipatazo 354, ambamo mwezi hutazamwa sambamba na nyota. Kwa msingi huo ilielezwa kuwa Wakushi wa kale walisimamisha nguzo hizo yapata mwaka 300 K.K. Simulizi hili lilipendwa mno, na hadi leo hunukuliwa kana kwamba limefungwa.

Halikufungwa. Robert Soper alipima upya na kuchapisha maoni yake mwaka 1982. Ilibainika kuwa mawe yenyewe yana usumaku, hivyo dira iliyowekwa karibu nayo hupotoka. Mwaka 1987 Clive Ruggles naye alihoji namna kalenda hiyo ilivyodhaniwa kufanya kazi. Msomaji anaweza pia kujaribu hesabu rahisi: nguzo 19 zikiunganishwa mbilimbili hutoa mistari 171, na kila mstari una ncha mbili. Kwa wingi huo, si ajabu baadhi ya mistari kuelekea nyota fulani hata kama mjenzi hakukusudia.

Pigo kubwa zaidi lilitokana na tarehe. Mwaka wa 300 K.K. haukupatikana kwenye nguzo za Kalokol, bali kwenye makaburi ya Lokori, kusini zaidi, yaliyopewa jina hilohilo la Namoratunga. Uchimbaji uliofanywa baadaye umeonyesha kuwa nguzo za magharibi mwa Ziwa Turkana zina umri wa miaka 4,000 hadi 5,000 hivi. Tofauti hiyo si ya karne moja au mbili. Dunia hupepesuka polepole kama pia, na kwa sababu hiyo nafasi za nyota husogea takriban nyuzi moja kila miaka 72. Kwa miaka 2,000 na ushei, hizo ni karibu nyuzi 30. Anga iliyotumika katika hesabu ya mwaka 1978 siyo waliyoiona wajenzi.

Je, wajenzi walikuwa nani? Utafiti wa Elisabeth Hildebrand na wenzake, uliochapishwa mwaka 2018, unahusu Lothagam Kaskazini, mojawapo ya maeneo ya nguzo ya enzi hiyo. Walioijenga walikuwa wafugaji wa mwanzo, wakati mvua zilipopungua na ziwa likawa linanywea. Chini ya jukwaa la mawe walizikwa watu wasiopungua 580, wa rika zote, wengi wakiwa na mapambo yao. Namoratunga si Lothagam, na ngano ya Waturkana haithibitishi lolote kuhusu enzi hizo. Wao walifika huko maelfu ya miaka baadaye. Hata hivyo, aliyesema "watu" alikuwa karibu zaidi na mambo ya Lothagam kuliko aliyesema "nyota".

Isidhaniwe kuwa napuuza elimu ya nyota. Pwani, Kilimia kimepata jina lake kutokana na kulima, na kuzama na kuibuka kwake kulitumika kupimia majira ya jua na mvua. Neno nyota lenyewe, katika lahaja za kaskazini, lina maana ya kiu pia. Maana hiyo nilianza kuitilia maanani nilipokuwa Lodwar.

Huko nilimuuliza mzee mmoja, adhuhuri, chini ya mti, kuhusu majina ya nyota. Alinisikiliza hadi mwisho, kisha akasema, "Mwanangu, nionyeshe hiyo unayoiuliza." Sikuwa na la kuonyesha. Nimepanga safari ijayo iwe Kakuma, ambako tangu kambi ilipoanzishwa mwaka 1992 Kiswahili kimewakutanisha watu wa mataifa mengi, wakiwemo Waoromo, ambao Waborana ni tawi lao. Nitakwenda mwezi Januari, Kilimia kinapoonekana juu baada ya magharibi, nami nitauliza nikiwa nimekinyoshea kidole.