Miaka 16 ya Kungoja: Sinema ya Philip Gröning

Sinema hupenda maneno na muziki. Sala hupenda kimya. Je, mambo haya mawili yaweza kukutana? Kazi ya Philip Gröning, mtengenezaji wa sinema wa Ujerumani, yaonyesha jibu.

Gröning alizaliwa Düsseldorf mwaka 1959. Mwaka 1984 aliwaomba wamonaki wa Grande Chartreuse, katika milima ya Ufaransa, ruhusa ya kupiga picha maisha yao. Monasteri hiyo ilianzishwa na Mtakatifu Bruno na wenzake sita mwaka 1084. Kila mmonaki hukaa chumbani mwake, akisali, akisoma na kufanya kazi. Usiku wote hukusanyika kanisani. Hawazungumzi ila kwa nyakati zilizowekwa.

Walimjibu kwamba wakati haujafika. Akangoja, akatengeneza sinema nyingine. Baada ya miaka 16 hivi wakamwita. Alikwenda peke yake, bila wasaidizi na bila taa. Kwa muda wa miezi sita hivi, katika miaka 2002 na 2003, alikaa chumbani kama wao, akifuata saa zao na kubeba vyombo vyake mwenyewe.

Sinema ilitoka mwaka 2005, kwa jina Die große Stille, maana yake «Ukimya Mkuu». Yachukua karibu saa 2 na dakika 40, nayo haina msimulizi wala muziki wa kuongezwa. Huonekana mkasi ukikata kitambaa, na mzee akiondoa theluji bustanini. Husikika kengele na nyayo. Karibu na mwisho mmonaki mzee, kipofu, asema kwamba haogopi kifo, tena amshukuru Mungu kwa upofu wake. Maneno yake machache yana uzito, kwa kuwa yametanguliwa na kimya kirefu.

Nabii Eliya hakumkuta Bwana katika tufani, wala katika tetemeko, wala katika moto, bali baada ya hayo, katika utulivu. Sinema hiyo yaanza kwa habari hiyo.

Chombo cha picha chaweza kuonyesha magoti yaliyopigwa. Yaliyo moyoni hakiyaoni. Gröning hakuyaeleza, aliyaachia nafasi. Katekista naye, amalizapo kufundisha, asiogope kunyamaza kidogo pamoja na watu wake.

Maswali
1. Kwa nini Gröning alingoja?
2. Maneno ya mzee kipofu yapata wapi uzito wake?
3. Ni wakati gani wa siku ufaao kimya nyumbani?