SOMO: Ufundi wa matofali na amani kati ya wenyeji na wakimbizi wa ndani

Wahenga walisema: usipoziba ufa utajenga ukuta. Huku Uvira kuta tunazopaswa kujenga upya ni nyingi. Katikati ya Aprili 2020 mvua kubwa ilifurisha Mulongwe na mito mingine ya mji. Makumi ya watu walikufa na maelfu ya nyumba zikabomoka. Katika miaka iliyofuata Ziwa Tanganyika lilipanda na kuingia katika nyumba za pwani. Mwezi wa Desemba 2025 vita vilifika mjini, na watu wengi sana wakakimbilia Burundi.

Kila mara familia zinapotafuta pa kuanzia tena, huuliza: nani atatujengea? Somo hili linauliza jambo lingine: itakuwaje vijana wetu, wenyeji na wakimbizi wa ndani, wakijifunza kujenga pamoja?

1. Mwanafunzi anajifunza nini?

Fundi mwashi, au masoni kama wengi tunavyomwita, hajifunzi kupanga matofali tu. Anajifunza kuchagua udongo, kuukanyaga na maji, kufyatua kwa fremu ya mbao, kuanika tofali likauke polepole, na kulichoma ili lisiyeyuke kwenye mvua. Anajifunza kuchimba msingi na kuujaza mawe, kwa sababu nyumba zetu nyingi huanza kuanguka kutoka chini, maji yanapolainisha tope. Anajifunza kulowesha tofali la kuchoma kabla ya kulipanga, lisije likanyonya maji ya udongo wa simenti. Anajifunza pia kwamba kila tofali hukaa juu ya mawili ya chini. Viungo vya wima vikifuatana, ukuta hupasuka.

Vyombo vyake ni vichache: mwiko, kamba, timazi, pima maji, jembe na ndoo. Ndiyo maana ufundi huu unamfaa mtu aliyepoteza shamba. Akikimbia tena, ujuzi anakwenda nao.

2. Faida kwa jamii

Kwanza, heshima. Mkimbizi anayepokea msaada kila siku huonekana mzigo, naye mwisho huanza kujiona hivyo. Lakini anaposimamisha nyumba ya mjane mwenyeji, watu humwita fundi.

Pili, kuzoeana. Kamba ya ukuta hushikwa na watu wawili, mmoja kila pembe. Mfuliiru, Mvira, Mbembe, Mrundi na Mnyamulenge wakifanya kazi kwenye ukuta mmoja, wanalazimika kusemezana kila saa. Ukuta ukipinda, timazi huonyesha kosa bila kuuliza kabila la aliyelifanya. Hii haimalizi chuki ya miaka mingi, lakini inawapa watu sababu ya kukutana tena kesho.

Tatu, kijana mwenye kazi ya kulipwa ana la kumjibu anayemwita kushika bunduki.

Nne, wanawake. Kwenye kazi nyingi za ujenzi mama hubeba maji, mchanga na matofali, naye hupata malipo madogo. Akifundishwa kushika mwiko, malipo yake yanabadilika, na watoto wanaona faida nyumbani.

3. Hatari ambazo viongozi wasizisahau

Mafunzo yakiandaliwa vibaya, yanaweza kuleta ugomvi mpya. Hatari kubwa ni ardhi. Tuseme mwenyeji amempa mkimbizi kipande cha kiwanja akae kwa muda. Akijenga kibanda cha miti na hema, hakuna tatizo. Siku anapoanza msingi wa mawe na matofali ya kuchoma, mwenye kiwanja anashtuka, kwani kwetu nyumba ya kudumu husomwa kama madai: hapa ni pangu. Mkimbizi hakuwa na nia mbaya, lakini undugu unaweza kuvunjika siku hiyo.

Tena sheria ya ardhi ya 1973 inasema ardhi ni mali ya dola, wakati vijijini watu humtegemea chifu na desturi. Mtu mmoja anaweza kuwa na neno la chifu, mwingine karatasi ya ofisi, na wote wakaamini wana haki.

Hatari ya pili ni uchaguzi wa wanafunzi. Wakichukuliwa wakimbizi peke yao, wenyeji watasema: sisi tuliowapokea tumesahauliwa. Ya tatu ni kuni. Matofali huchomwa kwa miti, na milima iliyo juu ya mji ikibaki uchi, maji ya mvua hushuka kwa nguvu na kubomoa nyumba zile zile tulizojenga.

4. Mambo ya kukubaliana kabla ya tofali la kwanza

- Orodha ya wanafunzi isomwe hadharani, wenyeji na wakimbizi, wanaume na wanawake.
- Mapatano ya kiwanja yaandikwe mbele ya mkuu wa kata au chifu na majirani: nani mwenye ardhi, nani atakaa, kwa muda gani, na nyumba itakuwa ya nani mkimbizi akirudi kwao.
- Nyumba za kujifunzia zichaguliwe pande zote mbili, tukianza na wazee, wajane na wagonjwa.
- Msijenge kando ya mto wala mahali ambapo ziwa limekwisha kufika.
- Kwa kila tanuru ipandwe miti, na pale inapowezekana yatumike matofali ya kushindiliwa kwa mashine ya mkono, ambayo hayachomwi.
- Mwanafunzi amalize akiwa na vyombo vyake na cheti. Fundi asiye na mwiko hurudi kuwa mbeba ndoo.

Maswali ya kujadili pamoja

a) Katika mtaa wetu, nani angeachwa nje kama mafunzo yangeanza kesho?
b) Je, kuna kiwanja kilichoazimwa bila mapatano? Tufanye nini kabla msingi haujachimbwa?
c) Nyumba ya kwanza tungejenga ya nani, na kwa nini?

Zungumzeni swali la mwisho bila haraka. Mkikubaliana juu ya nyumba ya kwanza, wenyeji na wageni, mtakuwa mmeanza kuelewana kabla hata udongo haujakanyagwa.