Kabla ya Kwenda Mahakamani, Muulizeni Nesi Wenu

Wadogo zangu, leo nazungumza na akina mama wa kijiji kimoja cha upande wa Msimbati. Nesi wa zahanati yao amehamishiwa kituo kingine cha halmashauri hiyohiyo, huko kwenye bonde la mto Ruvuma, na wao wanachangishana wamshtaki mkurugenzi wa halmashauri Mahakama Kuu, Mtwara mjini. Uchungu wao naujua. Uchungu wa uzazi ukikushika usiku, na gari la kukutoa kwenye mchanga wa huko hadi hospitali ya Ligula halipatikani, nesi aliyekupima tangu mimba changa ndiye tegemeo lako. Lakini hela ya korosho msiitoe kwanza.

Kabla jaji hajauliza kama uhamisho ule ni wa haki, atauliza anayelalamika ni nani na umemgusa vipi. Kanuni za mwaka 2014 za mapitio ya mahakama, yaani kuiomba Mahakama Kuu ichunguze uamuzi wa mamlaka, zinamruhusu mtu ambaye maslahi yake yameathirika, au anaamini yataathirika. Barua ya uhamisho ina jina la nesi. Ajira ni yake, na watoto wa kuhamishwa shule ni wake. Ninyi mnaumia kweli, ila ajira ile si yenu.

Najua kuna atakayenitajia ibara ya 26(2) ya Katiba, inayompa kila mtu haki ya kuchukua hatua za kisheria kuilinda Katiba na sheria za nchi. Atanikumbusha pia kesi ya Mchungaji Mtikila ya mwaka 1993, ambamo Jaji Lugakingira alikubali kwamba mwananchi anaweza kusimama kwa maslahi ya umma. Ni kweli, na ile ni hukumu ya kujivunia. Lakini Mtikila alikuwa akipinga sheria zilizomgusa kila raia, yakiwemo mambo ya mgombea binafsi na vibali vya mikutano. Uhamisho wa mtumishi mmoja ni jambo la mwajiri na mwajiriwa wake. Mimi nisingeweka hela ya watoto kwenye hoja hiyo.

Halafu, mmemuuliza mwenyewe? Watumishi wengi huomba kuhama: mume yuko mbali, mzazi anaugua. Mkikimbilia mahakamani bila yeye, mnaweza kumvurugia jambo alilolihangaikia muda mrefu.

Kama kahamishwa kwa kuonewa, tuseme kama adhabu na hakusikilizwa, au na mtu asiye na mamlaka hayo, basi mwenye shauri ni yeye. Naye hawezi kuruka ngazi. Kifungu kilichoongezwa mwaka 2016 kwenye Sheria ya Utumishi wa Umma kinamtaka amalize kwanza njia za ndani ya utumishi. Aandike kwa mwajiri, kisha aende Tume ya Utumishi wa Umma. Rufaa huko ina siku 45. Mahakama Kuu nayo, kwa njia ya mapitio, inaombwa kibali kwanza, na muda wake ni miezi 6 tangu uamuzi utolewe. Kwa hiyo amwone wakili mapema, barua ikiwa bado mpya mkononi. Kama kilio chake ni fedha za uhamisho tu, nauli na mizigo, hayo ni madai mengine, ayadai hivyo hivyo.

Ninyi mnachokimiliki ni huduma ya zahanati, na hapo hakuna wa kuwauliza mna haki gani. Itisheni mkutano wa kijiji. Kamati ya zahanati ieleze wanawake wangapi wamejifungulia pale mwaka huu, na usiku kuna mtumishi au hakuna. Msiandike "tunamtaka nesi wetu". Andikeni kwamba mtumishi mwingine aripoti kabla huyu hajaondoka. Muhtasari wa mkutano usainiwe na mwenyekiti na mtendaji wa kijiji, diwani apewe nakala, mganga mkuu wa wilaya apewe yake. Nakala mnayobaki nayo igongwe muhuri wa kupokelewa, wenye tarehe.