Kudai fidia si kupinga kadari

Katika darsa huulizwa: aliyegongwa na gari akidai fidia, je, hajaikataa kadari? La hasha. Surat An-Nisaa, aya ya 92, imewajibisha diya hata kwa aliyeua kwa kukosea, ila warithi wakisamehe. Basi fidia ni haki, na msamaha ni hiari ya mwenye haki.

Wengine hudhani dereva akitozwa faini mahakamani, yamekwisha. Faini huingia serikalini, si kwa majeruhi. Hapa Tanzania sheria inalazimisha kila gari liwe na angalau bima ndogo, inayowafidia wanaoumizwa nalo. Ndugu yangu, tunza PF3 na karatasi za hospitali, na ufungue madai kabla ya miaka 3 kupita. Ukisamehe, samehe ukiijua haki yako.