NGURUWE MDOGO NA KAZI ZAKE
Somo la kujadiliwa katika mikutano ya vyama vya msingi

Kila mwaka shule zinapokaribia kufunguliwa mwezi Januari, makatibu wa vyama vya msingi katika Karagwe na Kyerwa huyaona mambo yale yale. Fedha za kahawa zimekwisha, na msimu mpya ungali mbali. Ni kweli kwamba ada katika shule za Serikali iliondolewa hadi kidato cha nne mwaka 2016, na ya kidato cha tano na cha sita mwaka 2022. Lakini sare, viatu, madaftari na nauli ya mwanafunzi wa bweni havikuondolewa. Hapo ndipo mlanguzi hubisha hodi. Huinunua kahawa ingali maua, au ingali mbichi mtini, kwa bei aipendayo yeye. Biashara hiyo, ambayo kila mkazi wa Kagera aijua kwa jina la butura, imepigwa marufuku na Serikali, lakini marufuku haimnunulii mtoto sare. Mwanachama aliyekwisha kuuza kwa butura haleti kahawa chamani, na chama kisichopata kahawa ni daftari tupu.

Somo hili lahusu mnyama anayeweza kumsaidia mwanachama kuuvuka mwezi huo wa Januari bila kuigusa kahawa yake. Mnyama huyo ni nguruwe mdogo. Kabla chama hakijatoa hata shilingi moja kwa ajili yake, inafaa kujua udogo wake ni wa namna gani na ni kazi ipi atakayopewa.

Udogo wa nguruwe ni nini

Kuna nguruwe aliye mdogo kwa umri, kuna aliye mdogo kwa njaa, na kuna aliye mdogo kwa mbegu. Watatu hawa wakisimamishwa pamoja gulioni huweza kulingana kimo, na ndiyo sababu wanunuzi hudanganyika. Dume la mbegu kubwa nyeupe ya Kizungu likikomaa huweza kupita kilo 200. Nguruwe wetu wa kienyeji, yule mwenye pua ndefu anayeonekana katika vibanja vya Nyakasimbi na kwingineko Karagwe, mara nyingi hafiki hata nusu ya uzito huo.

Katika nchi nyingine udogo huo umetafutwa kwa makusudi. Mwaka 1949 wataalamu wa Minnesota, Marekani, walianza kuchanganya mbegu ili wapate nguruwe ambaye uzito wake hautamzidi sana binadamu. Katika miaka ya 1960 Chuo Kikuu cha Göttingen, Ujerumani, kiliwachanganya nguruwe hao wa Minnesota na nguruwe wa Vietnam, kisha na nguruwe mweupe wa Kijerumani, wakapata mnyama ambaye akikomaa huwa na kilo 35 hadi 45 tu. Hakufugwa kwa ajili ya nyama. Ngozi ya nguruwe, moyo wake na mishipa yake ya damu vinafanana sana na vya binadamu, hivyo dawa mpya hujaribiwa kwake kabla ya kupewa watu. Na kwa kuwa kipimo cha dawa hufuata uzito wa mwili, mnyama mdogo hutumia dawa kidogo, chakula kidogo na nafasi ndogo. Mwezi Machi 2024, mjini Boston, madaktari walimpandikizia mgonjwa figo ya nguruwe wa Yucatan, mbegu ndogo yenye asili ya Mexico, baada ya kuzibadili chembe zake za urithi ili mwili wa mtu uweze kuipokea. Mgonjwa huyo aliishi karibu miezi 2, na hospitali ilieleza kwamba haikuona dalili ya kifo hicho kuletwa na figo ile.

Kazi nyingine iliwashangaza wengi. Nguruwe wa Vietnam mwenye tumbo la kuning'inia, ambaye kwao ni kitoweo cha mwanakijiji, aliingizwa Kanada mwaka 1985 na kutoka huko akaenea Marekani. Huko aligeuka mwenzi wa sebuleni, akalala juu ya zulia na kuitwa jina lake akaitika. Watu walilipa maelfu ya dola kumpata mmoja. Kisha kila aliyenunua akataka kuzalisha na kuuza, bei ikaanguka, na wale walioahidiwa mnyama asiyekua wakajikuta na nguruwe wa kilo 50 na zaidi anayefukua bustani. Wengi walitupwa au kupelekwa katika makao ya wanyama waliokosa wenyewe. Msomaji asicheke haraka. Nchini Kenya, mwaka 2013 na 2014, ndege aina ya kware alipandishwa bei kwa namna hiyo hiyo. Waliofaidi walikuwa wale wa mwanzo waliouza mbegu, na waliokuja nyuma yao wakabaki na vizimba. Akija mtu kwenye mkutano wa chama akinadi "nguruwe asiyekua" au mbegu ya ajabu kwa bei ya ajabu, Katibu amwulize maswali mawili tu: wazazi wa nguruwe huyu, wakiwa na umri wa miaka 3, wana kilo ngapi? Na ni nani atakayenunua nyama, mbali na yule anayenunua mbegu ili naye akauze mbegu?

Kazi yake kibanjani

Katika kibanja cha mkulima wa Karagwe nguruwe mdogo hana kazi ya hospitali wala ya sebuleni. Kazi zake ni akiba, mbolea na nyama, kwa utaratibu huo. Nyama imewekwa mwisho kwa kusudi. Mfugaji anayetaka nyama nyingi kwa haraka, aliye karibu na mji ambako kitimoto huuzwa kila jioni, na mwenye fedha za kununua pumba na mashudu, huyo na afuge mbegu kubwa. Mbegu kubwa ikilishwa maganda ya ndizi peke yake hudhoofika, na mwenyewe hufilisika pamoja nayo. Mbegu ndogo huvumilia zaidi maganda, majani ya viazi vitamu na machicha ya pombe. Kuvumilia si kunenepa, hata hivyo: naye ahitaji mashudu kidogo, au dagaa, au maharage yaliyopikwa. Maharage mabichi humdhuru.

Nguruwe wa kilo 50 hutoa takriban kilo 2 hadi 3 za mavi kwa siku. Kwa mwaka mzima jumla yake hukaribia tani moja ya mbolea mbichi kutoka kwa mnyama mmoja. Kwa mwanachama asiye na ng'ombe, huo ndio uhai wa migomba na mibuni yake. Mbolea hiyo ichanganywe na majani makavu na kuozeshwa shimoni kabla ya kutandazwa.

Lakini faida iliyo kubwa kwa chama ni ile ya akiba, nayo yategemea kalenda. Nguruwe hubeba mimba kwa siku 114, yaani miezi 3, wiki 3 na siku 3. Jike akipandishwa tarehe 1 Juni, atazaa karibu na tarehe 23 Septemba. Watoto wakiachishwa kunyonya baada ya wiki 8, itakuwa tarehe 18 Novemba. Katika Desemba wako tayari kuuzwa, na fedha ziko nyumbani shule zinapofunguliwa. Mfugaji anayeacha dume na jike wazurure na kupandana wapendavyo hupata watoto pia, ila huwapata mwezi wowote, na pengine ni ule mwezi ambao hana haja ya fedha wala chakula cha kuwalisha. Kalenda hii haimgharimu mtu kitu isipokuwa banda na penseli.

Yaliyowapata wakulima wa Haiti

Thamani ya mnyama mdogo mara nyingi hujulikana akishatoweka. Huko Haiti, kisiwani katika Bahari ya Karibi, wakulima walikuwa na nguruwe wao mdogo mweusi aitwaye Krioli. Alikula mabaki na matunda yaliyodondoka, hakununuliwa chakula, na aliuzwa mtoto alipoanza shule au nyumba ilipopata msiba. Kwa maskini wa Haiti yeye ndiye aliyekuwa benki. Mwaka 1978 homa ya nguruwe ya Afrika ilizuka katika nchi jirani ya Dominika na kuvuka mpaka. Kati ya 1982 na 1983, kwa msaada wa Marekani na nchi nyingine zilizoogopa ugonjwa kuwafikia, nguruwe wote wa Haiti waliosalia waliuawa. Badala yao waliletwa nguruwe wakubwa wa Kimarekani. Hao walitaka maji safi, sakafu ya saruji, paa zuri na chakula cha dukani. Wakulima, ambao wengi wao wenyewe hawakuwa na hayo, waliwaita wana wa mfalme wenye miguu minne. Familia nyingi zilikosa fedha za shule. Baadaye katika miaka hiyo ya 1980 zililetwa mbegu nyingine zilizochanganywa ili kumrudisha mnyama wa kufanana na yule wa zamani. Ugonjwa wenyewe ulirudi kisiwani humo mwaka 2021.

Ugonjwa huo ulielezwa kwa mara ya kwanza mwaka 1921 nchini Kenya. Uliingia Ureno mwaka 1957 na China mwaka 2018. Kwao ni mgeni, kwetu ni mwenyeji: huishi ndani ya ngiri bila kumuua, na papasi wa mashimo ya ngiri huusambaza. Wilaya zetu zimepakana na hifadhi za wanyama pori, hivyo hakuna Katibu anayeweza kusema kwamba jambo hilo ni la mbali.

Magonjwa mawili ya kuogopwa

Homa ya nguruwe haimwambukizi binadamu, wala haina tiba, na huweza kuua karibu kila nguruwe bandani. Kutoka banda hadi banda haibebwi na ngiri; hubebwa na watu. Mchinjaji anayezunguka nyumba hadi nyumba na viatu vyenye damu, dume la kuazima, na makombo ya hotelini yasiyochemshwa, hizo ndizo njia zake. Njia mbaya kuliko zote ni hofu: nguruwe wawili wakifa, mwenyewe huwahi kuwauza waliobaki kwa bei ya kutupa, na nyama hiyo huupeleka ugonjwa tarafa nyingine. Ofisa mifugo apewe habari siku ile ile, na pasitoke kitu bandani.

Ugonjwa wa pili ni tegu, nao humhusu hata asiyekula nyama ya nguruwe. Mtu aliyekula nyama isiyoiva vizuri hupata mnyoo tumboni. Mayai ya mnyoo hutoka na choo chake. Nguruwe anayezurura akila kinyesi hicho, nyama yake hujaa vifuko vyeupe mithili ya punje za mchele. Lakini mayai yale yale yakiingia kinywani mwa mtu, kwa mikono isiyonawiwa au mboga zisizooshwa, hujenga vifuko hivyo katika ubongo wake, akapata kifafa. Shirika la Afya Duniani lakadiria kwamba mahali penye tegu, watu wapatao 30 kati ya kila 100 wenye kifafa wanaweza kuwa wameupata kwa njia hiyo. Wengi wao husemwa kuwa wamerogwa. Choo kinachotumiwa na wote nyumbani, banda lililofungwa, nyama iliyokaguliwa na kuiva hadi ndani: mnyororo wa tegu hukatika hapo.

Daftari la chama

Chama kinachotaka kuanza mpango wa kopa nguruwe, lipa nguruwe, kama ule wa ng'ombe unaojulikana Kagera, kianze katika mkutano mkuu. Sheria ya Vyama vya Ushirika Na. 6 ya mwaka 2013 na masharti ya chama havina nafasi ya mkopo uliobuniwa mezani kwa Katibu. Ukomo wa madeni uangaliwe. Wako wanachama Waislamu na Wasabato ambao dini zao zinawakataza mnyama huyu. Fedha zao zisitumiwe kumnunua bila ridhaa yao. Njia ya heshima ni mfuko wa hiari wenye safu yake katika vitabu, na mpango wa mbuzi kwa wasiotaka nguruwe.

Jike atolewe kwa mwenye banda na choo vilivyoonwa na kamati kwa macho, si kwa maneno. Mwanachama arudishe majike wawili wachanga walioachishwa kunyonya, nao wapewe wengine. Swali lililovunja mipango mingi ya namna hii ni moja: mnyama akifa, deni ni la nani? Liandikwe kabla ya mnyama kutoka. Inaelekea kuwa haki kwamba aliyetoa taarifa siku ile ile asamehewe, na aliyeuza nyama kwa siri alipe. Wanyama wa mpango wasiwekwe wote katika kitongoji kimoja.

Maswali ya kujadili

Ni wanachama wangapi wa chama chenu waliouza kahawa kwa butura mwaka jana, na ni kwa haja gani? Kati yao, ni wangapi wangevuka Januari kwa watoto 6 wa nguruwe? Ni nyumba ngapi zenye nguruwe ambazo hazina choo, na kamati itazipitia lini? Homa ikizuka kesho, ni nani atakayempigia simu Ofisa mifugo, na namba yake imebandikwa wapi ofisini?